Ramani, bendera, uso au msalaba wa shaba: kuchagua picha na mpangilio wa kisanduku cha historia ya Kongo

Tulikuwa watu sita kwenye saiba moja ya Kamalondo, hapa Lubumbashi, Jumamosi mchana: walimu wawili wa historia na wanafunzi wanne wa sekondari. Kazi ilionekana ndogo. Tulitaka kutengeneza kisanduku cha viungo cha kukaa kwenye kila makala ya Wikipedia ya Kiswahili inayohusu historia ya nchi yetu, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, ili msomaji aliye kwenye makala ya Ufalme wa Waluba akitaka kwenda kwenye ile ya mfalme Msiri aguse mara moja tu afike. Viungo tuliviandika kwa nusu saa. Picha ya kuweka juu ya kisanduku ilituchukua saa tatu, tukaachana bila kukubaliana.

Kama na wewe umekwama hapo, ujue kwamba ubishi huo una sababu. Picha iliyo ndani ya makala inazungumzia makala ile tu. Picha ya kisanduku inarudiwa kwenye kurasa ishirini au thelathini, na kila inapotokea inamwambia msomaji: Kongo ni hii. Kosa la ukurasa mmoja linasameheka. Hili linapigwa chapa kote.

Vipimo vya kutumia

Mimi naipima kila picha kwa maswali manne. Inasomeka ikiwa ndogo? Kisanduku cha ubavuni hubeba picha yenye upana wa pikseli mia mbili hivi, na kwenye simu hiyo haizidi sana ukucha wa kidole gumba. Inakaa sawa kwenye kila kipindi, tangu ule mfupa wa Ishango wenye alama za kuhesabia, wa miaka kama 20,000 iliyopita, hadi leo? Nani akiitazama atasema "mimi simo humo"? Na mwisho, tuna haki ya kuitumia, na inakula mega kiasi gani? Kwetu mega hununuliwa kwa siku, wakati mwingine kwa saa, kwa hiyo swali hilo la mwisho si la mafundi peke yao.

Ramani

Wengi huanza na ramani, na wana sababu nzuri. Umbo la Kongo linajulikana. Ramani huru ziko tele, na ikiwa imechorwa kwa vekta, yaani kwa mistari badala ya vitone, ni nyepesi na inakuzwa bila kuchakaa. Haina kabila wala chama: mtu wa Mbandaka yumo, wa Uvira yumo, wa Kananga yumo.

Ikipunguzwa sana inapoteza vitu viwili. Pwani yetu ni ya kilometa kama 37 tu katika nchi yenye kilometa za mraba zaidi ya milioni 2.3, kwa hiyo ule mkono unaofika baharini unageuka uzi, na kwenye mchoro wa hovyo unakatika kabisa. Ncha yetu ya kusini nayo, ile ya Sakania inayoingia katikati ya Zambia, inabaki kama mwiba. Si mambo ya kuacha ramani, ila uyakague kabla ya kuikubali.

Penye uzito ni kwenye wakati. Mipaka hii ilianza kuchorwa mwaka 1885, Dola Huru la Kongo lilipotangazwa kuwa mali ya mfalme Leopold II. Iweke juu ya makala ya Ufalme wa Kongo, utaona mji mkuu wake, Mbanza Kongo, uko nje ya picha, maana leo uko Angola. Iweke juu ya Walunda, ambao nchi yao imegawanyika kati ya Kongo, Angola na Zambia, utakuwa umewakata vipande kabla hata msomaji hajaanza kusoma. Mtoto anayekua akiona umbo lile kwenye kila ukurasa atadhani Kongo ilikuwa na mstari wake tangu zamani na wafalme wakaja kuishi ndani yake.

Dawa yake ipo: ramani ya maji. Chora Mto Kongo na matawi yake, Tanganyika, Kivu, Mweru na maziwa ya Upemba, uache mipaka. Mto ulikuwepo wakati wa Waluba na upo leo. Ubaya wake ni kwamba asiyezoea ramani hatambui mara moja ni nchi gani.

Ramani ya mipaka inawafaa wanaoandika zaidi habari za tangu 1885 kuja huku. Ya maji inawafaa wanaotaka kurudi nyuma zaidi.

Bendera

Kwa udogo bendera haina mpinzani. Buluu ya anga, nyota ya njano pembeni, ukanda mwekundu wa mshazari wenye kingo za njano: hata kwenye skrini iliyopasuka unaitambua. Ni nyepesi, haki zake hazisumbui, na inakaribisha raia wote kwa usawa.

Lakini bendera hii ni ya mwaka 2006. Juu ya makala ya Zaire, iliyokuwa na bendera ya kijani yenye mkono ulioshika mwenge kuanzia 1971 hadi 1997, inakaa kama kofia ya mtu mwingine. Ukienda nyuma zaidi unakuta jambo ambalo wanafunzi wangu hawakulijua, nami napenda lijulikane: nyota ya njano kwenye buluu ilitoka kwenye bendera ya jumuiya ya Leopold, mwaka 1877. Ikapepea juu ya Dola Huru, ikapepea juu ya Kongo ya Kibelgiji, na tarehe 30 Juni 1960 ikabaki pale pale, safari hii ikiwa na nyota ndogo sita pembeni kwa ajili ya mikoa sita. Anayeona buluu na nyota anafikiria uhuru, kumbe alama yenyewe ni mzee kuliko uhuru.

Kigezo, yaani ile kanuni moja inayokitoa kisanduku kwenye kurasa zote, kinaweza kutengenezwa kipokee picha tofauti kwa kila ukurasa, kila kipindi kikavaa bendera yake. Hapo bendera inakuwa mwongozo mzuri wa wakati, mradi usiwabunie bendera Waluba, Wakuba au Bayeke ili tu nafasi isibaki tupu.

Inawafaa wanaopanga historia ya dola na katiba. Wanaotaka historia ya watu wataona inawabana.

Uso wa mtu

Jina lililotajwa kwanza pale Kamalondo ni la Patrice Lumumba, na kwa vipimo viwili anawashinda wote. Miwani, ndevu za kidevuni, ile njia kwenye nywele: ukiipunguza picha yake hadi ukucha bado ni yeye. Na haki zipo wazi. Kuna picha zake zilizopigwa Ubelgiji Januari 1960, alipofika kwenye Mkutano wa Meza ya Duara wa Brussels uliojadili uhuru wa Kongo, ambazo hifadhi ya taifa ya Uholanzi imeziachia huru. Siku chache kabla ya hapo alikuwa mfungwa Jadotville, ambayo leo ni Likasi, karibu na sisi hapa. Mwaka mmoja baadaye, tarehe 17 Januari 1961, aliuawa porini nje ya Élisabethville, mji huu huu ninaoandikia. Siwezi kuitazama picha ile kama pambo.

Kwa sababu hiyo hiyo nina wasiwasi nayo kwenye kisanduku. Tuliijaribu. Tulimpa simu kijana aliyekuwa akingoja kompyuta, tukamfungulia ukurasa wa Msiri, mfalme wa Bayeke aliyeuawa Bunkeya Desemba 1891. Kijana akatazama juu, akauliza kama huyo mwenye miwani ndiye Msiri. Hakuwa mjinga. Mtu akiona uso juu ya makala ya mfalme, anasoma kwamba ndio uso wa mfalme. Ukiongeza maelezo chini ya picha unapunguza tatizo, ila kwenye simu maelezo hayo huandikwa kwa herufi za kusumbua macho.

Halafu wanaoachwa nje. Ukimweka Lumumba, mji huu una familia zilizoishi miaka ya kujitenga kwa Katanga, kuanzia Julai 1960 hadi Januari 1963, kila moja na kumbukumbu zake. Ukimweka Mobutu umeandika jambo jingine, ukimweka Mzee Kabila jingine tena. Na wanawake? Kimpa Vita, aliyechomwa moto mwaka 1706 kwa kuhubiri kwamba Ufalme wa Kongo uungane tena, hana fotografia. Ukichagua kwa nyuso utachagua kwa kamera, na kamera iliwafuata wanaume, tena wa miaka mia na kidogo tu iliyopita.

Hapa niseme neno kuhusu picha moja. Wengine hupendekeza ile aliyopiga mmisionari Alice Seeley Harris mwaka 1904: Nsala ameketi barazani, anatazama mkono na mguu wa binti yake vilivyokatwa wakati watu walipolazimishwa kugema mpira wa utomvu.  Mimi naomba isitumike hapa. Mahali pake ni ndani ya makala ya Dola Huru, kubwa, ikiwa na jina la baba na habari yote. Kuipunguza iwe alama ya kugusa njiani kuelekea ukurasa mwingine ni kumfanya yule mzazi kuwa kitufe.

Uso unafaa kisanduku chembamba, kwa mfano cha harakati za uhuru na mgogoro wa 1960 hadi 1965, ambamo mwenye uso anahusika na karibu kila ukurasa.

Kitu cha kale

Mimi nilikwenda pale nikiwa na jibu langu mfukoni: msalaba wa shaba. Vipande hivi vilivyomiminwa kwa shaba vimefukuliwa makaburini Sanga, kando ya Ziwa Kisale, na vilitumika kama fedha karne nyingi kabla ya Mzungu wa kwanza kufika Katanga. Msalaba hauna uso wa kubishaniwa wala mpaka wa 1885, na unasema jambo ambalo vitabu vya shule vilichelewa kulisema: watu wa hapa walichimba, wakayeyusha na kufanya biashara kabla kampuni yoyote haijapewa hati ya kuchimba.

Nikakutana na mambo mawili. La kwanza ni la udogo. Misalaba mingi ina umbo la X. Tulipouweka kwenye kona ya juu ya kisanduku, mwanafunzi mmoja akawa anaugusa kwa kidole, tena na tena. "Mwalimu, niko nafinya huu musalaba, haifunge." Alidhani ni alama ya kufungia. Kwenye simu X ni ya kufungia, wala huwezi kumlaumu. Tukausogeza katikati, tukaweka picha inayoonyesha unene wa shaba na ile rangi ya kijani ya kutu, na kosa hilo likaisha.

La pili ni zito zaidi. Misalaba mitatu ya shaba ilikuwa kwenye bendera ya Katanga ilipojitenga. Mwalimu mwenzangu, ambaye wazazi wake walitoka Kasai, aliutazama msalaba wangu akanyamaza, kisha akasema taratibu kwamba mtu wa kwao akiuona hafikirii Sanga. Sikuwa na jibu. Kwangu ni fedha ya babu zetu, kwake ni bendera ya miaka mitatu ya hofu, na kisanduku kinakwenda kwetu sote wawili.

Vitu vingine vipo. Lukasa ya Waluba, ubao wa mbao wenye shanga na kauri, ulioshikwa kwa mkono wa kushoto huku kidole cha kulia kikifuata shanga na msomaji akisimulia wafalme, safari na mahali patakatifu. Kwa kweli sijui chombo kinachofanana zaidi na kisanduku chetu: historia iliyosomwa kwa kugusa. Makumbusho ya Brooklyn yanayo moja nzuri. Ila kwa pikseli mia mbili shanga zinayeyuka, unabaki na kipande cha mbao. Sanamu za ndop za wafalme Wakuba zinaonekana vizuri kuliko lukasa, na mfupa wa Ishango ni wa kale kuliko vyote, ingawa ukiwa mdogo ni kijiti tu. Kila kimoja ni cha watu fulani, si cha nchi nzima, na mtu wa Bukavu ana haki ya kuuliza chake kiko wapi.

Chunga haki. Kitu kikiwa na miaka mia nne, fotografia yake inaweza kuwa ya mwaka jana, na mpiga picha ana haki zake. Hali ni hiyo hiyo kwa michoro ya wachoraji wetu. Tshibumba Kanda-Matulu alichora historia ya nchi nzima hapa Katanga, picha kama mia moja, mwaka 1973 na 1974, akaisimulia kwa Kiswahili cha hapa hapa. Ningependa kuona moja juu ya kila ukurasa. Lakini haki za uchoraji wake hazijaisha, na kumnyang'anya msanii ili kuipamba historia si jambo la kufanya.

Kitu kinawafaa wenye makala nyingi za kabla ya 1885, na wanaoweza kukibadilisha kwa kila kipindi.

Mtu atasema: weka vyote vinne kwenye fremu moja. Tulijaribu. Kwenye kompyuta inapendeza. Kwenye simu ni viraka vinne ambavyo hakuna kinachosomeka, na mega zimeongezeka. Inafaa ukurasa mkuu wa historia pekee.

Mpangilio: ubavuni, chini au mnyororo

Kisanduku cha ubavuni kinaonekana mara tu ukurasa unapofunguka, na ndicho chenye nafasi ya picha. Kinabeba viungo kumi hadi kumi na tano, vilivyopangwa kwa wakati kutoka juu kwenda chini. Vikizidi hapo, kisanduku kinakuwa kirefu kuliko makala fupi, na makala zetu nyingi za Kiswahili bado ni fupi. Nimeona makala ya aya mbili iliyomezwa na kisanduku chake.

Cha chini ya ukurasa kinabeba viungo hata hamsini kwa safu za mlalo: falme, vita, katiba, mikoa. Kinakunjwa na kukunjuliwa, hakimkatizi msomaji, na picha si lazima. Tatizo lake ni moja, ila ni kubwa: kwenye Wikipedia, ukisoma kwa mwonekano wa simu, visanduku vya aina hii haviletwi kabisa. Kwa msomaji wa Katuba au Ruashi ambaye hana kompyuta, ni kama hujaviandika.

Mnyororo ni mstari mmoja wenye kipindi kilichotangulia, kipindi cha sasa na kinachofuata. Hauna nafasi ya picha, haumpi msomaji ramani ya safari nzima, lakini unasomeka kwenye simu yoyote.

Kuna jambo ambalo halihusu umbo, nami naliona zito kuliko picha: hesabu ya viungo. Orodha yetu ya kwanza ilikuwa na kiungo kimoja kilichoitwa "Kabla ya ukoloni" na vinane vya baada yake. Maelfu ya miaka mstari mmoja, miaka mia na arobaini mistari minane! Tukaivunja: Ishango, Upemba, Ufalme wa Kongo, Waluba, Walunda, Wakuba, Msiri na Bayeke. Baadhi ya viungo hivyo ni vyekundu, yaani makala bado haijaandikwa. Tuliviacha hivyo hivyo, kwa sababu kiungo chekundu kinamwita mwandishi. Vikiwa vingi kuliko vya buluu, hata hivyo, msomaji anagonga ukuta kila anapogusa, kwa hiyo punguza.

Kuhusu rangi: usiandike njano juu ya buluu ya bendera. Toka nje saa sita mchana, Septemba, jua likiwa kali, ujaribu kusoma. Herufi nyeusi juu ya kijivu chepesi zinatosha.

Uchague nini, kwa hali yako

Ukiwa na makala chache, nyingi za tangu 1885, na wasomaji wa shule wanaojiandaa kwa mtihani, ramani ya mipaka ikiwa ubavuni na viungo kumi itawasaidia haraka. Andika mwaka wa mipaka chini yake.

Ukiwa unapanga historia ya serikali na katiba, bendera inayobadilika kwa kila kipindi, pamoja na mnyororo.

Kisanduku chako kikihusu watu au tukio moja, weka uso wa mhusika, andika jina lake kwa herufi zinazosomeka, na kisanduku kiishie kwenye kurasa zinazomhusu kweli.

Ukianzia mbali, kwenye falme na mashimo ya shaba, tafuta kitu cha kale, lakini kwanza mwonyeshe mtu wa mkoa mwingine na umwache aseme. Kama hamkubaliani, ramani ya maji ni mahali pazuri pa kukutana.

Na kama wasomaji wako karibu wote wanatumia simu, anza na mnyororo bila picha yoyote. Picha inaweza kuja mwezi ujao. Msomaji wa ukurasa wa Waluba anataka kufika kwa Msiri leo.

Sisi wa Kamalondo tuliweka mnyororo kwenye kurasa zote, na kisanduku cha ubavuni chenye ramani ya maji kwenye ukurasa mkuu. Msalaba wa shaba uko ndani ya makala ya Sanga, mkubwa, na maelezo yake aliyaandika yule mwalimu mwenzangu.